Mashine Niliyoitaka na Kisu Kilicholetwa

Kazi yangu ilikuwa kuchemsha. Mtaani nikiulizwa nafanya nini hospitali nikijibu nachemsha, na watu wakidhani mimi mpishi, wengine wakiniomba niwatolee ukoko. Nilikuwa nachemsha visu, mikasi, koleo na sindano, maana sindano za wakati ule zilikuwa za kioo na hazitupwi. Leo imemchoma huyu, inaoshwa, inachemshwa, kesho inamchoma yule. Chumba changu kilikuwa nyuma ya chumba cha operesheni, na mvuke wake ulinibabua mikono hata leo nikishika kikombe cha moto sijui kama ni moto. Kusoma, nilisoma chuoni nikahitimu Kurani. Skuli ya serikali nilikaa kidogo tu nikatoka, kwa hiyo haya nayaandika vile ninavyosema, na nikipotea njia nitarudi.

Mwaka wa sitini na nne, yalipopita Mapinduzi, madaktari walitupungukia sana. Unakwenda asubuhi unakuta koti jeupe liko msumarini, mwenyewe hayupo. Na mke wangu naye aliondoka na wazee wake mwaka huo huo. Alisema akishatulia huko ataniita. Sikumsikia tena. Sina la kumlaumu, watu walikuwa na hofu zao. Nilikuwa nimepanga chumba cha chini katika nyumba ya ghorofa Mji Mkongwe, na wa juu nao wakahama, familia nzima. Nilikuwa nimezoea kuwasikia, bibi yao akikohoa alfajiri, binti yao akidondosha kinu. Nyumba ikawa kimya mpaka nikawa nikirudi kazini nabisha hodi mlangoni kwangu na kujijibu karibu mwenyewe. Mtu akisikia atacheka. Mimi nilikuwa sicheki, nilikuwa nataka sauti tu.

Aliyenibakia ni dada yangu. Alikuwa mkubwa wangu, mjane, hana mtoto, anakaa Ng'ambo, chumba na uwani. Alikuwa akishona kofia, zile za vitobo, na mkono wake ulikuwa maarufu. Waliotaka kofia ya harusi walikuwa wakimfuata. Kila siku nikitoka kazini nakata Darajani kwa miguu mpaka kwake, nabeba mkate au mchicha au samaki akipatikana, tunakula pamoja. Baada ya chakula yeye anashona, mimi nazungumza. Alikuwa akinambia, "Wewe mvuke umekuingia kichwani, hunyamazi." Lakini nikinyamaza ananiuliza, "Kwani leo hospitali hakufa mtu?"

Sasa, kulikuwa na kofia moja aliianza Mfunguo Mosi, Ramadhani imetoka tu, na mpaka miezi ilipopita ikawa iko pale pale. Nikamuuliza, akasema uzi mbaya. Nikamletea uzi mwingine. Akasema macho. Nikamwona anachota maji kwa mkono wa kulia tu, na wa kushoto kaubana ubavuni kama kapakata kitu. Hapo nikajua si uzi wala si macho, lakini sikuweza kumuuliza.

Hili lazima nilieleze, maana vijana wa sasa hawalijui. Mtoto wa kike kwetu akishavunja ungo hupewa somo wake, bibi wa kumfunda, na tangu siku ile habari za mwili wake zinapita kwa yule bibi mpaka mmoja wao afe. Mama haambiwi, mume haambiwi sana, kaka ndiyo kabisa. Mimi niliyekuwa kutwa nashika visu vya kupasulia watu, siwezi kumtazama dada yangu usoni nikamuuliza ana nini kifuani. Afadhali ningemuuliza mke wa Mwenyekiti wa hospitali.

Basi nikenda kwa somo wake. Bibi huyo alikuwa mzee sana, jicho moja limeingia ukungu, anatafuna tambuu, na ulimi wake mkali.

"Shikamoo, Bi Mkubwa."

"Marahaba. Nlikuwa nakungoja wewe. Nlisema huyu mtu kazi yake hospitali, ataona lini?"

"Nshaona. Ana nini?"

Akatema tambuu. "Ana kitu ndani ya ziwa la kushoto. Kilianza kama kokwa ya zambarau. Sasa hata sikwambii. Nimemkanda, nimempaka, nimemsomea. Hakiondoki."

Neno saratani mtaani tulikuwa hatulisemi. Tukisema "maradhi yale," na mtu anaelewa.

Wakati huo tulikuwa tumeshapata madaktari kutoka nchi za mbali, na wa upasuaji alikuwa mtu mrefu, mpole, anayetembea na mkalimani wake, kijana wa hapa hapa aliyerudi masomoni. Nikawasimamisha ukumbini. Mkalimani akasema, "Daktari anasema mlete mgonjwa." Nikasema hatakuja bila somo wake. "Anasema na somo aje." Wakaja, dada yangu kajifunika buibui mpaka huoni kitu, na mimi nikawekwa nje ya pazia. Basi daktari anasema kwa lugha yake, mkalimani anasema kwa Kiswahili huku kageuka ukutani, somo anamnong'oneza dada, dada anamnong'oneza somo, somo anamwambia mkalimani, "Mwambie hapana."

"Hapana nini, Bi?"

"Hapana yote."

Daktari alitaka akate kipande kidogo, akitie katika chupa yenye dawa, chupa iende Dar es Salaam kwa meli, huko kikatazamwe kwa darubini, ndiyo ijulikane ni maradhi yale au ni uvimbe wa kawaida. Hapa kwetu kitu cha kutazamia kilikuwa hakipo. Jibu lilikuwa likichukua muda, na mara nyingine chupa zikipotea bandarini, au zinafika zimevunjika. Likija jibu baya, ziwa zima likatwe.

Dada yangu alikuwa haogopi kisu. Watu walidhani anaogopa kisu. Mimi pia nilidhani. Jioni ile somo alinieleza mlangoni, dada yuko ndani anasikia.

"Anasema kinachotoka mwilini mwake kinazikwa. Hataki kipande chake kivuke bahari kikatupwe shimoni na watu asiowajua. Na likikatwa lote, nani atamrudishia?"

"Bi Mkubwa, ni kipande kama ukucha."

"Kucha zake anazifanyaje?"

Kucha zake akizikata alikuwa akizifukia uwani chini ya mlangilangi, na nywele zinazobaki kwenye kitana pia. Alikuwa hivyo tangu mdogo. Mama yetu alifundisha hivyo, mimi nikawa mvivu, yeye akashika. Mwili ni amana, akisema, na amana hairudishwi pungufu kwa makusudi.

Hapo ndipo nilipoanza kuitaka mashine. Nilikuwa nimemsikia mkalimani akisema huko kwao daktari kuna mashine kubwa inayopiga miale, mgonjwa analala chini yake, hakatwi, hatoki damu, uvimbe unaungua ndani kwa ndani. Nikamwambia somo. Somo akamwambia dada. Akarudi na jibu la neno moja: "Ije."

Na kweli ilitaka kuja. Nchi moja rafiki ilijitolea kutuletea vifaa vya maradhi haya, lakini si kila kitu. Nafasi melini ndogo na fungu lenyewe dogo, kwa hiyo hospitali ikaambiwa ichague. Wakaitisha mkutano chumba cha juu kinachotazama bahari. Mimi nikaambiwa nipandishe sinia za vyombo vya zamani waone vilivyochakaa, na nikishaziweka nisimame pale mlangoni, labda nitatakiwa. Nikasimama. Katika chumba kile hakuna aliyejua kwamba mimi nina mtu. Hata mkalimani alikuwa ameshasahau, wagonjwa walikuwa wengi.

Mwenyekiti alikuwa mtu aliyeletwa na serikali, si daktari, lakini si mtu mbaya; alikuwa akija wodini na kushika mikono ya wagonjwa. Yeye alikuwa upande wangu bila ya kujua.

"Mimi nasema tuchukue mashine," akaanza. "Wananchi wakiiona watajua maradhi haya yamepatiwa dawa."

Mkuu wa wauguzi, mama mmoja ambaye wazee wake walitoka bara, Mkristo, mnene, asiyemwogopa mtu, akasema, "Ndugu Mwenyekiti, mashine hiyo itakaa wapi?"

"Itajengewa chumba."

"Daktari anasema kuta ziwe nene kama za ngome. Na fundi wake?"

"Atakuja nayo."

"Akirudi kwao?"

Mwenyekiti akanywa kahawa. "Mama, wewe unapenda kuvunja watu moyo."

"Sivunji. Tuna eksirei moja, imelala tangu mvua za masika, tunaitandikia shuka kama maiti. Nikipita nasema inna lillahi, na mimi si Mwislamu."

Wakacheka, na mimi nikacheka, halafu nikajikasirikia. Nilitaka anyamaze yule mama. Moyoni nilikuwa namwambia, keti, keti, acha ije.

Daktari akasema maneno marefu, mkalimani akafupisha. "Anasema mashine ni nzuri, hata yeye anaitamani. Lakini inamtibu mgonjwa uliyekwisha kumjua. Hapa hatumjui. Mwenye jipu na mwenye saratani wanapewa dawa moja ya kupaka, mpaka mmoja wao anaoza. Anasema kwanza tupate darubini nzuri, na kile kisu cha maabara cha kukata nyama nyembamba, na tanuri dogo la kuyeyushia nta. Kisha taa ya chumba cha operesheni, na mashine ya kulazia mgonjwa usingizi."

"Kisu cha kukatia nyama nyembamba?" Mwenyekiti akainua macho. "Kwani tunafungua bucha?"

"Mwenyekiti, hiyo bucha ndiyo itakayokwambia mke wako ana nini," mkuu wa wauguzi akasema.

"Mwache mke wangu."

"Namwacha. Nasema wa yeyote." Akageuka kwangu. "Wewe, ile taa jana iliwaka?"

"Haikuwaka."

"Walipasulia nini?"

"Kurunzi, mama. Niliishika mimi."

Ndilo neno langu pekee katika mkutano ule, na lilikwenda upande nisioutaka. Wakabishana sana. Mwenyekiti alisema neno ambalo nililiona la kweli: "Nikiwaonesha watu darubini watasema nimeleta mchezo wa watoto. Na huyo atakayejulikana ana saratani, akauliza sasa mnanitibu na nini, mtamjibu nini?" Daktari akasema watamjibu kwa kisu, kama bado mapema. Na kama si mapema? Daktari akafungua mikono. Wakanyoosha vidole kupiga kura. Mkono wangu uliniwasha, wallahi, lakini mimi si mjumbe, mimi mchemshaji. Vikashinda vitu vidogo. Mwenyekiti akasema haya, akacheka kidogo, akamwambia yule mama, "Bucha umeipata."

Sikwenda kwa dada siku ile moja kwa moja. Nilikaa Forodhani nikanunua pweza nikamshika mkononi mpaka akapoa. Watu wamekaa na watoto wao, na mimi simjui mtu wa kumwambia kwamba wamechagua, na walivyochagua dada yangu hakumo. Nilivyofika kwake nikasema na somo. Somo akaingia ndani, akatoka.

"Anasema basi, ashasikia."

Chakula tulikula. Hakunizungumzisha, sikumzungumzisha. Wiki nyingi zilikuwa hivyo. Nilikuwa nakwenda, nakula, narudi, nabisha hodi kwangu, na hata kujijibu nikaacha. Mkono wake ukavimba. Ukikaa naye karibu unamsikia akipumua kwa hesabu.

Masanduku yakaja. Mtu wetu wa maabara alikuwa Mtumbatu, mtu wa kisiwa cha Tumbatu, mtaratibu, mwenye mzaha wa taratibu vile vile. Alikuwa akisema kwao mtu hacheki kitu mpaka arudi nyumbani. Nikamsaidia kufuta mafuta ya njiani kwenye vyuma, kazi ninayoijua. Kile kisu kilikuwa kikali sijapata kuona, kimekaa katika kiti chake cha chuma, na ukizungusha mpini kinashusha ukanda mwembamba kuliko ganda la kitunguu. Akanionesha kwa kipande cha ini la mbuzi. Nyama inalazwa katika dawa, inatiwa katika nta, ikiganda inakatwa, ule ukanda unalazwa juu ya kioo, unatiwa rangi, unatazamwa.

"Na inayobaki?" nikamuuliza.

"Ipi?"

"Nyama iliyobaki. Umeshakata vyembamba vyako. Nyingine inakwenda wapi?"

"Shimoni. Unataka mchuzi?"

"Mtu akiitaka je?"

"Nani aitake nyama ya dawa?"

"Dada yangu."

Akaacha kufuta. Akanitazama, ndipo nikamweleza, tangu kofia mpaka mlangilangi, na nadhani nilisema sana maana maji kwenye vyombo vyangu yalikauka huko nyuma na sufuria ikaungua. Alikuwa ndiye mtu wa kwanza hospitali kumweleza. Aliponisikiliza yote akasema, "Yeye ana haki yake. Mimi nikishatazama nyama ni ya nini kwangu? Nitaitoa katika nta mimi mwenyewe, nikupe ukazike. Na daktari akilikata lote, atakachokuwa hanipi mimi akupe wewe."

"Yote?"

"Vile vya kwenye kioo vinabaki. Lazima vibaki, kesho daktari akitaka kulinganisha. Lakini vile, ndugu yangu, ukivipigia chafya huvioni."

Kitu kimoja nataka kieleweke. Kule juu katika mkutano hakuna aliyesema tuchukue kile kisu ili kipande cha mtu kirudi kaburini kwake. Hawakuwa na habari hiyo. Daktari alisema habari za jipu na saratani, mama wa wauguzi akasema habari za fundi na ukuta, na mimi niliyekuwa na habari yenyewe nilikuwa nikiomba kimoyomoyo kisije. Lakini kwa kuwa kilikuja, nyama haikuwa na haja tena ya kupanda meli.

Nikenda kwa somo mbio. Somo akaingia. Nikangoja uwani. Nikasikia wananong'ona, kisha nikasikia sauti ya dada yangu mwenyewe, kutoka nyuma ya pazia, ananisemesha mimi. Habari hii alikuwa hajapata kunisemesha.

"Ndugu yangu."

"Naam."

"Hivyo vya kwenye kioo vitakaa wapi?"

"Hapa hapa hospitali, kabatini."

"Havendi ng'ambo ya bahari?"

"Havendi."

"Na hivyo vingine nani atazika?"

"Mimi."

"Wewe mwenyewe? Si kumpa mtu?"

"Mimi mwenyewe, dada."

Halafu akasema, "Waambie ntakuja. Lakini somo aingie nami mpaka mlangoni, na yule kijana asigeukie ukutani, namwona kama ananichukia."

Kipande kilikatwa, kikatazamwa. Mtumbatu alitoka na jibu usoni kabla hajalitoa mdomoni. Yalikuwa maradhi yale. Daktari akamkata ziwa lote, chini ya taa mpya, na mashine ya usingizi ikimpumulia. Vyombo nilichemsha mimi. Nilivichemsha mara mbili, sikuwa na sababu.

Walinipa katika beseni lililofunikwa. Nikavifunga katika bafta nyeupe, pamoja na kile kipande cha kwanza, nikapakata chini ya shati, nikatembea mpaka Mwanakwerekwe kwa miguu kwa sababu sikutaka kukaa na watu garini na kile kitu mapajani. Mchimba makaburi akaniuliza, "Mtoto?"

"Hapana."

"Nani basi aliyekufa?"

"Hakufa mtu."

Akatazama bafta, akafahamu, hakuuliza tena. Akanichimbia mahali karibu na mama yetu. Sala hakuna kwa kitu kama kile, wala talkini ya kusomwa kaburini. Unafukia tu. Nilifukia kwa mikono. Mchimbaji alikuwa keshakwenda zake kwa maiti wa kweli, na mimi nikabaki nimechuchumaa, sijui niseme nini, nikasema salamu alekum, nikaondoka.

Wodini macho ya dada yalikuwa yamefumba. Nikadhani kalala.

"Ardhi ilikuwa ngumu?" akaniuliza.

"Laini. Mvua ilinyesha."

"Kina?"

"Mpaka hapa," nikamwonesha bega langu, naye hakufumbua macho.

Daktari alinambia kwa ukweli wake, mkalimani akiinamisha kichwa, kwamba penye mashine ya miale angepigwa miale baada ya kukatwa, na pengine angeishi zaidi. Pengine. Kwa hiyo watu wakinambia walichagua vizuri nasema ndiyo, na wakinambia walichagua vibaya siwabishii. Kwa kisu kile alikubali kutibiwa. Kwa mashine ile labda angekubali vile vile. Siijui, haikuja katika siku zangu za kazi.

Aliishi. Alikaa miaka kadhaa, mkono ukapungua uvimbe, akarudi kupika, akanisuta kwa mdomo wangu kama zamani. Somo wake akatangulia. Mwaka wa sabini ulishapita, wakati wa foleni za mchele, ndipo maradhi yalipomrudia, safari hii mgongoni, na hapo hapakuwa na cha kukata. Alikufa kitandani kwake Ng'ambo, mchana, nimemshika mguu.

Tukamzika Mwanakwerekwe. Nilimwonesha mchimbaji mahali, akasema hapo pana kitu, nikamwambia najua, chimba ubavuni pake. Tukamlaza, tukafukia, watu wakasoma, wakanipa mkono mmoja mmoja, wakaenda. Alikuwa yuko pale mzima, isipokuwa vile vya kwenye kioo, ambavyo yeye mwenyewe aliviridhia. Mimi ndiye niliyekuwa sijui niende kula wapi.